Mahipi Walipikiwa na Nani?

Litajwapo neno mahipi, wanafunzi wetu aghalabu hufikiri nywele ndefu, shanga na bangi. Lakini mwanafunzi wangu mmoja aliuliza swali lililonizidi: "Mwalimu, watu hao walioacha kazi na shule, walipikiwa na nani?"

Kitovu chao kilikuwa mtaa wa Haight-Ashbury, mjini San Francisco, Marekani. Wengi walikuwa wana wa watu wenye nafasi. Hawakukimbia njaa, walikimbia maisha ya kupima utu kwa mali, na vita vya Vietnam, ambavyo vijana wa kiume waliitiwa kwa nguvu ya sheria. Tarehe 14 Januari 1967 maelfu yao walikutana katika bustani ya Golden Gate. Habari zikaenea, na katika kiangazi cha mwaka huo vijana wanaokadiriwa kufika 100,000 wakamiminika mtaani. Nyumba hazikutosha, maradhi yakaingia, dawa za kulevya zikawaharibu wengine.

Waliowalisha ni kikundi kilichojiita Diggers, yaani Wachimbaji, jina la maskini wa Uingereza waliolima ardhi ya wote mwaka 1649. Tangu mwaka 1966 kikundi hicho kiligawa chakula bure bustanini, kikafungua na duka lisilotoza hata senti. Chungu chao kilijazwa kwa mabaki ya mboga yaliyoombwa sokoni. Hivyo shibe ya waasi ilitoka katika ghala la jamii ile ile waliyoikataa. Tena waliopika, mara nyingi, walikuwa wanawake: desturi ya kale ilikuwa imehamia nao.

Mwezi Juni 1967 daktari David Smith alifungua mtaani zahanati ya bure, ikahudumia wagonjwa kwa zaidi ya miaka 40. Tarehe 6 Oktoba 1967 baadhi ya wenyeji wa mtaa walibeba jeneza barabarani, wakalifanyia maziko jina la "hipi" lililokuwa limegeuzwa bidhaa na magazeti na maduka.

Walimu wenzangu, tusiwafundishe vijana kuwacheka mahipi. Malalamiko yao juu ya vita na tamaa yalikuwa ya haki. Lakini kukataa ni kazi ya siku moja. Kupika ni kazi ya kila siku. Kijana atakayetaka dunia mpya na aulizwe kwanza ni nani atakayeinjika chungu, na kama zamu yake imo.