Wakati katika Lugha za Taita: Hati Isiyo na Tarehe

Pwani ya Kenya ina bahati ya karatasi. Hati mashuhuri ya Utendi wa Tambuka imetiwa mwaka wake, 1141 wa Hijra, yaani 1728, na kwa sababu hiyo mwanahistoria wa fasihi ya Kiswahili anapo mahali pa kutia nanga. Bara, katika milima ya Dawida, Sagala na Kasigau inayosimama juu ya nyika ya Voi, nanga ya namna hiyo haipo. Msomi anayetafuta kwa Wataita hati ya kale isemayo wakati ni nini, na mambo yalitukia lini, atarudi mikono mitupu. Wafu wa huko walihifadhiwa kwa njia nyingine: baada ya muda kupita tangu maziko, mafuvu yao yalifukuliwa na kupangwa katika mapango ya ukoo. Aliyeingia humo aliona safu ya vizazi, hakuona hesabu ya miaka.

Kilichobaki cha kusomwa ni lugha zenyewe. Kidawida na Kisagala, ijapokuwa zote mbili huitwa Kitaita, si lahaja za lugha moja. Ni lugha mbili za Kibantu zilizokaa jirani muda mrefu. Mwaka 1981 Christopher Ehret na Derek Nurse walichapisha makala juu ya watu waliowaita Wakushi wa Taita. Humo walieleza kwamba lugha hizo zimebeba maneno ya mkopo kutoka katika lugha mbili za Kikushi cha Kusini zilizokwisha kufa. Lugha hizo mbili zajulikana kwa mikopo hiyo, kama mtu aliyekwisha ondoka ajulikanavyo kwa nyayo zake.

Namna ya kusoma nyayo hizo si ngeni kwa mwanafunzi wa Kiswahili. Mwaka, mwezi, siku, jana, juzi ni maneno ya Kibantu. Wakati, saa, dakika, karne, na hata zamani, yametoka katika Kiarabu. Mwenye kuyapanga aona mara moja tabaka mbili, moja ya mizunguko ya jua na mwezi, ya pili ya vipimo na fikira za jumla. (John Mbiti, alipochagua maneno sasa na zamani mwaka 1969 ili kueleza fikira za Kiafrika juu ya wakati, alisimamisha nguzo moja katika mbili hizo juu ya neno la mkopo. Hilo halibatilishi hoja yake, bali lastahili kukumbukwa na wale wanaomnukuu.) Lakini tabaka huonyesha kilichotangulia na kilichofuata. Miaka mingapi ilipita baina yake, hazisemi.

Walikuwako waliotaka miaka pia. Katika miaka ya 1950 Morris Swadesh alidai kwamba msamiati wa msingi wa kila lugha hupotea kwa mwendo mmoja: katika orodha ya maneno 100, yapata 86 hubaki baada ya miaka 1,000. Kwa kanuni hiyo lugha ikafanywa saa. Mwaka 1962 Knut Bergsland na Hans Vogt walionyesha kuwa Kiaislandi kimepoteza maneno machache mno kuliko kanuni ilivyotaka, na saa ikaonekana ina kasoro. Hata hivyo tarehe za aina hiyo ziliendelea kunukuliwa katika historia za Afrika ya Mashariki, mara nyingine bila neno la tahadhari.

Taita inatoa ushahidi mwingine, wa karibu zaidi. Mikopo ya Kikushi iliingia pamoja na vitambaza vya mkwaruzo, yaani sauti ambazo ulimi huziba njia katikati na hewa ikapita ubavuni kwa kukwaruza. Sauti za jamii hiyo husikika katika Kiiraqw cha Mbulu, Tanzania, na katika Kidahalo cha upande wa mdomo wa Tana. Ingetazamiwa kwamba wageni hao wangevishwa sauti za Kibantu mara moja, kama Kiswahili kilivyozifanyia sauti nyingi za Kiarabu. Haikuwa hivyo. Matamshi hayo yalidumu hata yakawa yangali katika kumbukumbu ya watu waliokuwa hai katika karne ya 20, ndipo yakatoweka, na konsonanti za Kibantu zikashika mahali pake. Kilichorithishwa kizazi kwa kizazi kilikwisha katika umri wa mtu mmoja. Kweli, Swadesh alihesabu maneno, hakuhesabu sauti. Lakini saa yake haina akrabu iwezayo kuonyesha ukimya wa muda mrefu unaofuatwa na haraka ya namna hii.

Haraka hiyo ilikuja wakati historia ya Taita nayo ilipokazana. Johannes Rebmann alifika Kasigau, aliyoiita Kadiaro, mwaka 1847. J. A. Wray wa misheni ya Kianglikana alikaa Sagala kuanzia 1883. Reli iliyoanzwa Mombasa mwaka 1896 ilikuwa imekwisha pita Voi ilipofika mto Tsavo mwaka 1898. Kisha vita: mwaka 1915 watu wa Kasigau walihamishwa kwa amri ya Waingereza hadi Malindi, wakafa wengi, na waliosalia hawakuruhusiwa kurejea mlimani hadi miaka ya 1930. Pamoja na stesheni, shule na mashamba ya mkonge, Kiswahili kikawa lugha ya mshahara. Haifai kudai kuwa tukio fulani lilifuta sauti fulani. Inatosha kuona kwamba mambo haya yote yalisongamana katika muda usiotimia miaka 90.

Wray alichapisha kitabu cha lugha hiyo mwaka 1894, na hapo ndipo kazi ingali ikingoja. Alfabeti ya Kirumi haina herufi moja ya kitambaza cha mkwaruzo. Mwandishi hulazimika kuazima s, sh au l, na hupenda kuyumba, leo hivi, kesho vile. Kuyumba huko ndiko kwa kutafutwa: neno kwa neno, tahajia ya Wray ilinganishwe na mikopo ya Kikushi iliyokwisha orodheshwa, kisha na midomo ya wazee wa Sagala waliowahi kuwasikia babu zao wakitamka. Kitabu kinaweza kungoja. Wazee hao ni wachache, na kila mwaka wanapungua.