Reeva Steenkamp, Kabla ya Kuitwa "Mpenzi wa Oscar"

Watu wakitaja mapenzi ya mastaa wa televisheni na wanamichezo, hapa kambini kwanza tunacheka. Tunamkumbuka Kim Kardashian na mchezaji wa kikapu Kris Humphries: harusi tarehe 20 Agosti 2011, kamera kila kona, na baada ya siku 72 bibi harusi akaomba talaka. Mambo ya matajiri, tunasema, kisha tunarudi kwenye foleni ya maji. Lakini historia ninayotaka kuwaandikia haichekeshi. Ilitokea Afrika Kusini, nchi ambayo wengi wetu tuna ndugu huko, na inagusa swali ambalo kila bloku hapa inalijua: mwanamke akisema anamwogopa mtu anayepigiwa makofi na wote, nani anamsikia?

Reeva Rebecca Steenkamp alizaliwa Cape Town mwaka 1983, akakulia Port Elizabeth, mji ambao leo unaitwa Gqeberha. Baba yake, Barry, alikuwa mfunzaji wa farasi wa mashindano. Reeva alisoma sheria chuo kikuu mjini humo, akamaliza mwaka 2005. Alipokuwa bado kijana alianguka kutoka kwenye farasi, akavunjika mgongo. Alipopona akahamia Johannesburg kutafuta kazi ya umodo. Akatangaza vipodozi vya Avon, na mwishoni mwa 2011 picha yake ikatokea kwenye jalada la jarida la FHM la Afrika Kusini. Kwa hiyo tunamzungumzia mwanamke mwenye shahada ya sheria aliyekuwa anatafuta jina mjini, kama vijana wengi wanavyokwenda mjini kutafuta.

Ngazi iliyofuata ilikuwa televisheni. Vipindi vya namna hii sisi tunavijua kupitia Big Brother Africa, ile ambayo Mtanzania Richard Bezuidenhout alishinda mwaka 2007. Unachukua watu, unawaweka mahali pamoja, unawapa mashindano, unarekodi wanavyocheka na kugombana, halafu fundi anachagua vipande vya kuonyesha. Reeva alichaguliwa kwa kipindi kinachoitwa Tropika Island of Treasure, msimu wa tano, uliorekodiwa Jamaica. Watu maarufu na watu wa kawaida walishindana ufukweni wakitafuta zawadi ya randi milioni moja. Ilipangwa kianze kuonyeshwa SABC3 tarehe 16 Februari 2013. Kwa modo ambaye nchi nzima ilikuwa bado haijamjua vizuri, siku ile ndiyo ingekuwa siku yake.

Oscar Pistorius yeye alikuwa tayari anajulikana duniani. Alizaliwa mwaka 1986 bila mfupa mmoja wa muundi katika kila mguu, na kabla hajatimiza mwaka mmoja miguu yote ikakatwa chini ya magoti. Akakimbia kwa miguu ya kaboni, akapata medali sita za dhahabu za Paralimpiki. Katika Olimpiki ya London 2012 akawa mkimbiaji wa kwanza aliyekatwa miguu yote miwili kushindana na wenye miguu, akafika nusu fainali ya mita 400. Hata hapa kambini, ndugu zetu waliopoteza viungo vitani walikuwa na picha yake ukutani. Sisemi hilo kwa kejeli. Mtu yule aliwapa watu moyo kweli.

Walikutana tarehe 4 Novemba 2012, na jioni ile ile akaenda naye kwenye sherehe ya tuzo za michezo za Afrika Kusini. Kamera ziliwapokea pamoja. Tazama basi jinsi umaarufu wao ulivyotofautiana. Wa Oscar ulisimama juu ya rekodi na medali. Mtu akimsema vibaya, taifa linaumia. Wa Reeva ulisimama juu ya sura, na sura magazeti huiweka kando ya jina la mwingine. Tangu jioni ile akawa "mpenzi wa Oscar". Kutoka siku waliyokutana mpaka siku aliyokufa ni siku 102.

Usiku wa kuamkia tarehe 14 Februari 2013, katika nyumba ya Oscar mjini Pretoria, risasi nne zilipigwa kupitia mlango wa choo uliofungwa. Reeva alikuwa ndani, na tatu zilimpata. Oscar hakukana kwamba ni yeye aliyepiga. Alisema alidhani ndani kuna mwizi aliyeingia kupitia dirisha. Siku hiyo Reeva alitakiwa kwenda kuzungumza na wanafunzi wa shule moja ya Johannesburg. Siku chache kabla alikuwa ameandika mtandaoni kuhusu Anene Booysen, msichana wa miaka 17 wa mji mdogo wa Bredasdorp, aliyebakwa na kuuawa mwezi ule ule. Reeva aliandika kwamba yeye ameamka katika nyumba yenye usalama na furaha, na si kila mtu ameamka hivyo.

Kesho yake gazeti la The Sun la Uingereza liliweka ukurasa wa mbele picha yake akiwa na nguo ya kuogelea. Mtu amekufa jana, na wao wanauza mwili wake. Watu wengi walilalamika. Na siku iliyofuata, tarehe 16, SABC3 ikarusha kipindi kama kilivyopangwa, kikitanguliwa na maneno ya kumkumbuka. Watu wakamwona Reeva Jamaica, anacheka, yuko hai.

Kuhusu uamuzi huo watu hawakukubaliana. Miezi sita kabla, Marekani, kituo cha VH1 kilikuwa kimeandaa kipindi kuhusu Evelyn Lozada, aliyepata jina kwenye Basketball Wives, na mume wake Chad Johnson, mchezaji wa mpira wa Kimarekani. Walioana tarehe 4 Julai 2012. Agosti 11 mume akakamatwa, akishtakiwa kumpiga mke kwa kichwa. Timu yake, Miami Dolphins, ikamwachisha, na VH1 ikafuta kipindi. Mahakamani hakulipinga shtaka. Wale walifuta, hawa wakaonyesha. Mimi naona SABC3 hawakukosea. Kufuta kipindi kungekuwa kumzika Reeva mara ya pili. Angalau pale alikuwa mshindani mwenye jina lake, siyo kivuli cha mtu.

Kesi ilianza tarehe 3 Machi 2014. Mahakama iliruhusu kamera, na siku moja kabla DStv ikafungua chaneli nzima ya kesi hii tu, saa 24, namba 199. Kumbe kesi ya mauaji nayo ikawa kipindi! Kuna wachambuzi, kuna marudio ya usiku, kuna wapenzi wa upande huu na upande ule. Hapa tuliangalia vipande vyake katika kibanda cha video karibu na soko, mchana, kabla ya mechi kuanza. Mimi nilikuwa nawatafsiria kina mama wa bloku yetu ambao Kiingereza hawakijui. Oscar alipotoa ushahidi sura yake haikuonyeshwa, sauti tu, na sauti ile ililia sana. Wanaume kibandani wakasema, "Jamani, mwacheni, si mnasikia anavyolia?"

Tarehe 24 Machi polisi walisoma ujumbe uliotolewa kwenye simu. Ulikuwa zaidi ya 1,700, na mwingi sana ulikuwa wa upendo, wa kutaniana, wa kawaida. Lakini mmoja, wa tarehe 27 Januari 2013, Reeva alimwandikia Oscar kwamba wakati mwingine anamwogopa, jinsi anavyomfokea. Nilipowatafsiria hayo, mama mmoja mzee kutoka Fizi akaniuliza: "Aliandika kwa nani?" Nikamjibu, kwa Oscar mwenyewe. Akatikisa kichwa. "Basi hofu yake aliipeleka kwa yule yule anayemwogopa."

Sijawahi kusikia mchambuzi wa chaneli 199 akisema neno zito kuliko hilo. Mwanamke aliyerekodiwa Jamaica asubuhi hadi jioni, aliyepigwa picha kila alipotoka, maneno yake ya hofu yalikuwa kwenye simu, yakienda kwa mtu mmoja. Dunia ikayasikia mwaka mmoja na zaidi baada ya mazishi.

Sasa tusikilize mahakama ilivyosema, maana wengi kambini walisikia nusu tu. Jaji alikuwa mama Thokozile Masipa, aliyekuwa mwandishi wa habari kabla ya kuingia kwenye sheria. Majirani walisema walisikia mwanamke akipiga mayowe usiku ule. Jaji hakuona kwamba hilo limethibitishwa. Kuhusu ujumbe, alisema mahusiano hubadilika-badilika, kwa hiyo hauthibitishi lolote, si wa upendo wala wa hofu. Septemba 2014 akamtia Oscar hatiani kwa kuua bila kukusudia, na pia kwa kosa lingine: Januari 2013 bastola ililipuka mkononi mwake katika mgahawa uliojaa watu Johannesburg. Kwa kifo cha Reeva akapewa miaka mitano. Baada ya mwaka mmoja hivi akatolewa gerezani, akamalizie kifungo nyumbani.

Upande wa mashtaka ukakata rufaa. Tarehe 3 Desemba 2015 Mahakama Kuu ya Rufaa ikabadilisha hukumu kuwa mauaji. Na hapa nawaomba msome taratibu. Majaji hawakusema kwamba imethibitika Oscar alijua ni Reeva. Walisema swali la nani yuko nyuma ya mlango siyo swali lenyewe. Choo ni kidogo, hakuna pa kujificha. Anayepiga risasi nne humo anajua kwamba mtu aliye ndani anaweza kufa, awe mwizi, awe mpenzi, na akaendelea kupiga. Hiyo yatosha kuwa mauaji. Jaji Masipa akampa miaka 6 mwezi Julai 2016. Rufaa ikarudi tena, na Novemba 2017 ikawa miaka 13 na miezi 5.

Katika kikao cha Juni 2016 baba yake Reeva alisimama kizimbani, akaomba picha za mwili wa binti yake zionyeshwe hadharani, dunia ione risasi zilifanya nini. Jaji akakubali. Fikiria mzee yule. Picha za mwanawe zilizojulikana ni za jarida na za ufukweni. Yeye akaona heri ziwekwe na zile nyingine, ili watu waache kuangalia warembo na mashujaa, waangalie jambo lililotendeka.

Utasema, hayo ni ya Pretoria, sisi hatuna mastaa. Tunao. Kila kambi ina mshambuliaji wake, mchungaji wake, kiongozi wake wa vijana ambaye wageni wakija ndiye anapigwa nao picha. Na mwanamke akienda kusema kwamba nyumbani anaogopa, jibu huwa lile lile: "Yule? Haiwezekani. Hayo ni mambo ya watu wawili, leo mnagombana kesho mnacheka." Ni maneno ya jaji wa kwanza, kwa Kiswahili chetu. Wala umaarufu wa mwanamke mwenyewe haumkingi. Hapa Kenya, Agnes Tirop, aliyepata medali ya dunia ya mita 10,000 mara mbili, alikutwa amechomwa kisu nyumbani kwake Iten Oktoba 2021, na mume wake akashtakiwa. Septemba 2024 Rebecca Cheptegei wa Uganda, aliyekuwa ametoka kukimbia marathoni ya Olimpiki ya Paris, alimwagiwa petroli na kuchomwa moto Trans Nzoia na mwanaume aliyewahi kuwa mpenzi wake. Wote wawili dunia iliwaona wakikimbia. Kilichokuwa nyumbani hatukukiona.

Kwa hiyo nina neno kwa pande mbili. Kwenu wafanyakazi wa mashirika: zile siku 16 za kampeni kila mwaka, na mabango na fulana, ni nzuri, lakini mwanamke wa bloku haendi kwenye bango. Anaangalia kwanza nani amekaa mezani. Akimkuta rafiki wa mume wake ndiye mkalimani, anageuka, anarudi. Mkalimani awe mwanamke, na asiwe wa bloku ile ile. Na kwetu wakaaji: tukisikia, tusianze kuuliza mwanaume ni nani, amefunga mabao mangapi, analia vipi. Tufanye kama majaji wale watano wa rufaa. Tuulize alifanya nini, na alijua nini wakati anafanya.

Oscar Pistorius alitoka gerezani kwa masharti tarehe 5 Januari 2024. Barry Steenkamp alikuwa amekwisha kufa, Septemba 2023. Mama, June, amebaki na shirika lenye jina la binti yake, linalofundisha watu kuhusu ukatili dhidi ya wanawake. Kifungo kinaisha Desemba 2029. Mpaka hapo Oscar anatakiwa kuhudhuria mafunzo ya kudhibiti hasira na ya kupinga ukatili wa kijinsia, na haruhusiwi kuhojiwa na waandishi wa habari.