Kesi ya Naivasha iliyofungwa bila kusikizwa

Wasee wa Naivasha, hizi ploti tunazogombania zilikuwa malisho ya Wamaasai. Mwaka 1904 serikali ya Waingereza iliwahamisha kutoka Naivasha na Nakuru ili walowezi wapate ardhi karibu na reli. Wengine wakapelekwa Laikipia, na mkataba ukaahidi kwamba mpango huo utadumu maadamu Wamaasai wapo. Ulidumu miaka 7 tu. Mwaka 1911 mkataba mwingine ukawatoa Laikipia pia.

Wakaenda kortini. Ole Njogo na wenzake walishindwa Mombasa mwaka 1913, wakakata rufaa, na Desemba wakashindwa tena. Sababu ndiyo inauma: majaji walisema mikataba ile ni kama ya nchi na nchi, kwa hivyo korti haina mamlaka ya kuisikiza. Yaani swali la ardhi ni ya nani halikuguswa kabisa.

Najua utasema hukumu ya mwisho ni ya mwisho. Sawa, la sivyo kesi za mashamba hazingeisha. Hata Mahakama ya Juu, tangu uamuzi wa Outa na Okello mwaka 2017, hupitia upya hukumu zake kwa sababu chache sana, kama vile udanganyifu. Kutoridhika tu hakutoshi.

Lakini hawa hata hawakusikizwa. Ndiyo maana Katiba ya 2010 iliipa Tume ya Kitaifa ya Ardhi kazi ya kuchunguza dhuluma za kihistoria za ardhi. Kwa hivyo mtu akikwambia hiyo kesi iliisha kitambo, muulize korti iliamua nini hasa.