Habari ya Mawingu ya Nyota

Hakuna mkulima asiyekijua Kilimia. Jina lenyewe latokana na kulima, maana wazee wetu walikitazama wapate kujua majira ya mashamba. Na msomaji wa Ayubu amekikuta humo pia. Mwenye macho mazuri huhesabu nyota sita au saba, basi. Lakini mwaka 1610 Galileo, mwalimu wa hesabu wa Italia, alitangaza ya kuwa kwa darubini yake ndogo ameona humo nyota zaidi ya thelathini. Tena aliitazama Njia Nyeupe, ule mshipi ukatao mbingu usiku usio na mwezi, akaona si moshi wala ukungu, bali ni nyota zisizohesabika zilizosongamana. Tangu hapo wengi wakashika neno moja: kila doa jeupe la mbinguni ni kundi la nyota, ila macho yetu ni dhaifu. Neno hilo lilikuwa na kweli ndani yake, na kwa sababu hiyo liliwapoteza watu muda mrefu.

Madoa ya namna hii yalijulikana tangu kale. Mwaka 964 al-Sufi, mtaalamu wa Uajemi, aliandika kitabuni mwake habari za wingu dogo lililo katika nyota za Andromeda. Wingu hili tulishike, kwa kuwa ndilo litakalotuongoza. Simon Marius wa Ujerumani, aliyelitazama kwa darubini mwaka 1612, alilifananisha na mwanga wa mshumaa uonekanao usiku kupitia pembe nyembamba.

Charles Messier wa Paris hakuyapenda madoa haya hata kidogo. Kazi yake ilikuwa kutafuta nyota zenye mkia, nazo zikiwa bado mbali huonekana kama doa lile lile. Baada ya kudanganyika mwaka 1758 alianza kuyaandika ili yasimpotezee wakati tena, na orodha yake ya mwaka 1781 ina madoa 103. Twaona jambo hili lachekesha kidogo: nyota zake zenye mkia wazikumbuka watu wachache, lakini orodha ya vikwazo vyake yatumika hata leo. Andromeda ni namba 31, na Kilimia chetu ni namba 45.

Ndipo akaja William Herschel, mzaliwa wa Ujerumani, mpiga kinanda wa kanisa katika mji wa Bath, Uingereza. Alijisugulia mwenyewe vioo vya madini vya darubini zake. Yeye hutazama, dada yake Caroline huandika. Na toka mwaka 1783 hata 1802 waliorodhesha madoa yapata 2,500. Kwanza Herschel alisadiki lile neno la tangu zamani za Galileo, kwa kuwa madoa mengi yaliachana mbele ya darubini yake yakawa nyota. Lakini usiku wa 13 Novemba 1790 aliona nyota moja iliyozungukwa na ukungu pande zote, nayo i katikati kabisa. Kama ukungu ule ni nyota, basi ile ya katikati ni kubwa kupita kiasi. Na kama ile ya katikati ni nyota kama nyingine, basi ukungu si nyota. Mwaka uliofuata akakiri kwa maandishi ya kuwa ukungu wa kweli upo. Alikuwa mtu wa miaka zaidi ya hamsini, mwenye sifa Ulaya nzima, wala hakuona haya kubatilisha aliyokwisha kuyachapisha. Hapo twamheshimu kuliko katika kazi zake nyingine zote.

Ushahidi ulipatikana mwaka 1864, William Huggins alipoipitisha nuru ya doa moja katika kioo cha pembe tatu. Nuru ya nyota ikipita hapo hutawanyika kuwa rangi za upinde wa mvua. Nuru ile ilitoa mistari michache tu, kama itoayo gesi yenye moto. Wingu la Orioni nalo ni gesi, na ndani yake nyota huzaliwa. Walakini Andromeda ilitoa rangi kama za nyota. Ni nini basi? Wengine walisema ni kitu kidogo kilicho katika Njia Nyeupe yetu. Wengine wakasema ni Njia Nyeupe nyingine, yaani galaksi, iliyo mbali sana. Tarehe 26 Aprili 1920 Harlow Shapley na Heber Curtis walishindana juu ya jambo hili mjini Washington, wakaachana pasipo kupatana. Kilichokosekana ni kipimo cha umbali.

Msomaji na afikiri taa aionayo usiku ng'ambo ya bonde. Ikiwa hafifu, hajui kama ni kibatari kilicho karibu au ni karabai iliyo mbali. Akiambiwa ni karabai, mara aweza kukadiria umbali wake. Aliyewapa wataalamu karabai ya mbinguni ni mwanamke, Henrietta Leavitt, aliyekagua picha za nyota katika chuo cha Harvard, Marekani, kwa ujira wa senti 30 kwa saa. Masikio yake yalikuwa mazito. Picha zenyewe zilipigwa Peru, kwa kuwa Mawingu ya Magellan hayaonekani kwao. Sisi twayaona upande wa kusini. Katika Wingu Dogo alichagua nyota 25 ambazo mwanga wake huzidi na kupungua kwa zamu. Kwa kuwa zote zimo katika wingu moja, umbali wake kwetu ni kama mmoja, hata mtu aweza kuzilinganisha kwa haki. Mwaka 1912 alionyesha ya kuwa kadiri zamu ya nyota ilivyo ndefu, ndivyo nuru yake ilivyo kubwa. Hesabu siku za zamu, nawe wajua kama ni kibatari au karabai.

Mwezi wa Oktoba 1923, juu ya mlima Wilson huko California, Edwin Hubble aliipiga Andromeda picha kwa darubini yenye kioo cha upana wa meta 2.5. Alitia alama penye nyota alizozidhani zimezuka ghafula. Kisha, alipolinganisha na picha za zamani, akaona moja yazidi na kupungua kwa zamu. Akaifuta alama yake, akaandika kando ya kuwa nyota hii hubadilika. Zamu yake ilikuwa siku 31 na kitu. Hesabu ikatoa miaka ya nuru 900,000, na mwaka wa nuru ni mwendo wa nuru kwa mwaka mzima, nayo huenda kilometa 300,000 kwa sekunde moja. Njia Nyeupe yote, hata kwa kipimo kikubwa cha Shapley, upana wake ni miaka ya nuru 300,000 tu. Basi wingu la al-Sufi lilikuwa nje kabisa. Habari hiyo ilisomwa mbele ya wataalamu mjini Washington tarehe 1 Januari 1925.

Leavitt hakuisikia, alikufa Desemba 1921. Mwaka ule ule wa 1925 mtaalamu mmoja wa Sweden alimwandikia barua, akifikiri kumtaja kwa tuzo ya Nobel, asijue ya kuwa amekwisha kuzikwa.

Mwaka 1952 Walter Baade alitangaza ya kuwa nyota za zamu ni za namna mbili, nazo zilikuwa zimechanganywa. Umbali wa Andromeda ukazidi mara mbili. Siku hizi wapimwa kuwa miaka ya nuru 2,500,000 hivi.

Mwishoni mwa Novemba, mwezi usipokuwapo, twaweza kusimama nje saa mbili usiku. Kilimia kitakuwa upande wa mashariki, na nuru yake imesafiri miaka 440 hivi. Kusini, chini, ni Wingu Dogo la Magellan, miaka 200,000. Na upande wa kaskazini, kwa mwenye macho makali na mahali pasipo taa, ni doa la Andromeda.