Miaka 125 ya Hifadhi ya Sauti ya Berlin, kwa Macho ya Tabora

Hifadhi ya Sauti ya Berlin ilianzishwa na Carl Stumpf mwaka 1900, ikaendelezwa na Erich von Hornbostel. Ilikusanya nyimbo za dunia nzima kwenye silinda za nta, kila moja ikimeza dakika chache tu. Kwa kuwa nta huchakaa kila inapochezwa, zilitengenezwa kalibu za shaba za kutolea nakala. Unyamwezi, nchi inayozunguka Tabora, uliingia humo mapema: mwaka 1909 Hornbostel alichapisha katika jarida la Anthropos uchunguzi wa nyimbo za Wanyamwezi. Hata hivyo, kilichohifadhiwa kilikuwa nusu ya ngoma. Mpelelezi Mwingereza Richard Burton, aliyefika Kazeh, Tabora ya leo, mwaka 1857, alieleza jinsi misafara ilivyopumzika: mbalamwezi ikiwaka na posho ikitosha, ngoma, makofi na nyimbo viliwaita vijana wa vijiji vya jirani waje kucheza. Wimbo na mchezo vilikuwa kitu kimoja.

Itasemwa kwamba kosa ni la mashine. Kwa sehemu ni kweli. Mwaka 1906 Karl Weule wa makumbusho ya Leipzig alizunguka Lindi, Masasi na Newala akiwa na fonografu na kamera ya sinema; kati ya wapagazi wake walikuwamo Wanyamwezi. Alirekodi nyimbo na kupiga filamu za ngoma, lakini mashine zile hazikuunganishwa: filamu ilitoa miguu bila sauti, nta ikatoa sauti bila miguu. Lakini kalamu na daftari vilikuwapo, vikatosha kuandika nani aliitikia na hatua ipi ilifuata. Tatizo kubwa zaidi ni kwamba taaluma iliyokulia Berlin ilitaka kupima ngazi za sauti na kulinganisha muziki wa mataifa, na kwa shabaha hiyo mchezaji hakuhitajika.

Wengine watajibu kuwa nusu ni afadhali kuliko kukosa. Naam: silinda nyingi zilichukuliwa Urusi baada ya Vita vya Pili vya Dunia, zikarudi Berlin Mashariki, zikaunganishwa tena katika mtaa wa Dahlem, Berlin, mwaka 1991, na mwaka 1999 UNESCO ikauorodhesha mkusanyiko huo katika Kumbukumbu ya Dunia. Bila uangalizi huo tusingekuwa na la kujadili. Ila uhifadhi haujakamilika mpaka nakala zifike Tabora, wazee na wachezaji wa ngoma ya manyanga wazisikilize, na maelezo yao kuhusu hatua na miitikio yaingizwe katika kumbukumbu za Berlin kwa majina yao, kama wataalamu wenza.