Tendo, Si Igizo

Vitabu vya shule hutufundisha "sanaa za maonyesho", na humo hutiwa ngoma, tamthilia, majigambo, hata sarakasi. Sina ugomvi na jina hilo, mpaka nifike kwenye maonyesho ya kimataifa ya sanaa, Biennale ya Venice, ya 1997.

Huko, katika chumba cha chini ya ardhi, Marina Abramović, mzaliwa wa Belgrade, aliketi juu ya lundo la mifupa ya ng'ombe iliyokuwa bado na nyama na damu. Kwa siku nne, saa nyingi kila siku, aliisugua kwa brashi na maji, gauni lake jeupe likizidi kuroa damu, huku akiimba nyimbo za utotoni. Lilikuwa joto la Juni, mifupa ikavunda. Kazi hiyo, Balkan Baroque, ilimpatia tuzo ya Simba wa Dhahabu. Mifupa hiyo ilikuwa maombolezo ya vita: vile vya Bosnia vilikuwa vimekwisha chini ya miaka miwili nyuma.

Sanaa ya namna hii tuiiteje? "Igizo" halifai hata kidogo. Kuigiza kumetokana na kuiga, na pale hapakuwa na cha kuigwa: uvundo ulikuwa uvundo, mikono ilichoka kweli. "Onyesho" ni afadhali, ila siku hizi hata mavazi yana onyesho. "Sanaa ya utendaji" inanukia ofisi ya kata.

Mimi nashikilia "sanaa ya tendo". Najua wapo watakaocheka, maana "tendo" mitaani lina maana yake. Wacheke. Kitenzi chake, "tenda", kimebeba vita siku nyingi: ndicho kilichozaa utendi, au utenzi. Utendi wa Tambuka wa 1728 ni wa vita vya Waislamu na Warumi. Hemedi bin Abdallah al-Buhriy naye akatunga utenzi wa vita vya Wadachi, yaani Wajerumani, kutamalaki pwani ya Mrima. Tofauti ni kwamba mtunzi wa utenzi husimulia waliyotenda wengine. Abramović naye alisimulia, jinsi panya anavyofanywa awaue panya wenziwe, lakini simulizi hiyo aliiweka kwenye video. Mwili wake aliuachia kusugua tu, na mifupa haikutakata.

Kwa hiyo, wahariri wa kamusi, toleo lijalo liingizeni neno hili chini ya "tenda", jirani na utenzi. "Igizo" libaki jukwaani, linakostahili.