Mwanza kwenye Meza ya Mhariri wa Filamu

Majina yakianza kupanda mwishoni mwa filamu, wengi wetu tunazima. Leo naomba usimame kwenye jina moja: Denise Vindevogel. Ndiye aliyehariri Darwin's Nightmare ya Hubert Sauper, filamu ya mwaka 2004 iliyopigwa hapa Mwanza na kuteuliwa kuwania Oscar mwaka 2006.

Mpigapicha anarudi na saa nyingi za picha. Mhariri ndiye anaamua ipi ibaki, ipi itupwe na ipi ikae jirani na ipi. Kwenye huo ujirani ndipo penye mambo. Lev Kuleshov wa Urusi alilionyesha hilo karne moja iliyopita: uso uleule wa mwigizaji, ukiwekwa karibu na sahani ya supu, watazamaji waliona njaa, karibu na jeneza, waliona huzuni. Uso haukubadilika hata kidogo!

Sasa rudi Mwanza. Minofu ya sangara inapakiwa kwenye ndege kubwa kwenda Ulaya. Mapanki yanaanikwa juani. Rubani anasimulia safari ya zamani ya kupeleka mizigo ya kivita Angola. Katika filamu nzima huoni silaha ikishushwa uwanja wa ndege wa Mwanza, lakini unamaliza ukiwa umeshaamini zilikuja. Mapanki yalikuwepo, umaskini ulikuwepo. Kiungo kati ya samaki na bunduki kilitokana zaidi na mpangilio wa picha. Mwaka 2006 Rais Kikwete aliilaumu filamu hiyo hadharani, na wakazi wengi wa Mwanza walijiona wamechafuliwa.

Na sayansi je? Sangara alipandwa ziwani miaka ya 1950. Ziwa lilikuwa na spishi za furu zinazokadiriwa kufika 500. Katika Ghuba ya Mwanza, watafiti wa Chuo Kikuu cha Leiden waliokuwa hapa tangu miaka ya 1970 walishuhudia furu wakiporomoka miaka ya 1980. Hadi hapo, jina la filamu linastahili. Ila sangara hakuwa peke yake: maji nayo yalichafuka, hewa ikapungua kilindini. Halafu, sangara walipovuliwa sana, baadhi ya furu walianza kurudi miaka ya 1990. Sehemu hiyo ya hadithi haikupata nafasi kwenye filamu.

Simnyooshei mtu kidole. Nami nikichora grafu ya tasnifu yangu naamua ianzie mwaka gani. Grafu ya furu ikiishia 1987 ni msiba; ukiisogeza hadi 2000, unaona dalili za uhai. Data ni zilezile.

Basi jaribu hivi. Ukitazama filamu ya wanyama wiki hii, iwe ya Serengeti au ya ziwani, chukua karatasi. Upande mmoja andika ulichoamini. Upande wa pili, andika picha iliyokuonyesha hicho kitu. Pakibaki patupu, hapo ndipo mhariri alipofanya kazi.